Horst Frank: adui wa sauti ya chini, na namna ya kumtizama sawasawa

Ukimtajia Mtanzania mwigizaji wa Kijerumani, jina la kwanza litakalomjia ni Hardy Krüger, kwa ajili ya Hatari! ya mwaka 1962 na shamba alilonunua Momella, karibu na Arusha. Horst Frank alizaliwa mwaka mmoja tu baada ya Krüger, akacheza filamu chungu nzima, akauawa katika nyingi ya hizo, na huku kwetu jina lake halitajwi. Hata wapenzi wa kauboi za Kitaliano, ambao uso wake wameshauona, hawawezi kukwambia ni nani. Nataka kumweleza hapa, na zaidi nataka kueleza namna ya kumtizama, kwa sababu nakala nyingi zinazozunguka zimemharibu: sauti si yake, mwendo si wa filamu, na picha imekatwa mbavu. Aliyemwona katika nakala ya namna hiyo atasema huyu ni adui kama maadui wengine, na hatuwezi kumlaumu.

Alizaliwa Lübeck, bandari ya kaskazini mwa Ujerumani, tarehe 28 Mei 1929. Alifariki Heidelberg tarehe 25 Mei 1999, zikiwa zimebaki siku tatu atimize miaka 70. Alisomea uigizaji Hamburg, akaanzia jukwaani, na mwaka 1957 akaingia kwenye sinema kupitia filamu za vita: Der Stern von Afrika na Haie und kleine Fische, kisha mwaka 1959 Hunde, wollt ihr ewig leben, inayohusu vita vya Stalingrad. Nywele zilizopauka, macho ya buluu hafifu, midomo myembamba. Kwa watayarishaji wa wakati ule sura ile ilikuwa na kazi moja: uovu.

Na kazi ya uovu ilikuwa imejaa tele. Mwaka 1956 Ujerumani Magharibi iliuza tiketi za sinema zaidi ya milioni 800. Televisheni ilipoingia majumbani idadi ikaporomoka, na kufika mwisho wa miaka ya 1960 ilikuwa chini ya milioni 200. Mtayarishaji aliyetaka kubaki sokoni ilibidi atoe kile ambacho televisheni haikuthubutu kukionesha: damu, maiti, wanawake waliovuliwa nguo, nchi za mbali zilizojaa wauza dawa za kulevya. Filamu hizi zilitengenezwa kwa pesa kidogo na kwa haraka, na bango mara nyingi lilifikiriwa mwanzo kuliko hadithi. Waitaliano nao walikuwa na zao. Africa Addio ya Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, iliyotoka 1966, ina picha zilizopigwa kutoka angani juu ya Unguja baada ya Mapinduzi ya Januari 1964, na biashara yake ilikuwa ileile ya kuuza mshtuko. Kwa hiyo sinema ya aina hii imeshapita mpaka juu ya vichwa vyetu. Frank alikuwa mfanyakazi wake wa kila siku, na alifanya kazi yake kwa uaminifu ambao filamu zenyewe mara nyingi hazikuustahili.

Ya kuanzia ni Die Nackte und der Satan ya mwaka 1959. Mtayarishaji ni Wolf C. Hartwig wa Munich, yule ambaye baadaye, kuanzia 1970, aliutajirisha mfuko wake kwa Schulmädchen-Report, mfululizo wa filamu za ngono nyepesi. Mwongozaji na mwandishi ni Victor Trivas. Hadithi: Profesa Abel amegundua dawa, Serum Z, inayoweza kukiweka hai kichwa kilichokatwa. Daktari Ood, ambaye ni Frank, anafika kumsaidia. Moyo wa profesa unamshinda, na Ood anakikata kichwa cha mzee na kukiweka hai juu ya meza, kimezungukwa na vioo na mipira ya kupitishia dawa, ili aendelee kukihoji. Kichwa hicho ni cha Michel Simon, mwigizaji mkubwa wa sinema ya Kifaransa. Kisha Ood anamchukua muuguzi mwenye kibiongo, Irene, na kukipandikiza kichwa chake juu ya mwili wa mcheza dansi wa klabu ya usiku.

Ukisikia hivyo utadhani ni takataka. Lakini tizama nani wako nyuma ya kamera. Mapambo ni ya Hermann Warm, mmoja wa waliobuni kuta zilizopinda za Das Cabinet des Dr. Caligari, filamu ya kutisha ya Kijerumani ya mwaka 1920. Mpiga picha ni Georg Krause, aliyepiga Paths of Glory ya Stanley Kubrick miaka miwili kabla. Ndiyo maana nyumba ya profesa, ya kisasa, yenye ngazi na vioo na vivuli virefu, inatisha kuliko kile kichwa. Na katikati ya nyumba hiyo anatembea Frank, taratibu, mikono imetulia. Filamu ya nyeusi na nyeupe huipokea buluu kwa wepesi, kwa hiyo macho ya buluu hafifu yakipigwa taa hutoka karibu meupe kabisa. Krause alilijua hilo. Pale Ood anapokisemesha kichwa, taa inakaa kwenye macho, sehemu ya chini ya uso inaachwa gizani, na Frank hapandishi sauti hata kidogo. Anazungumza kama daktari anayemwambia mgonjwa ale nini.

Hapo ndipo nakala ya Kiingereza inapoiua kazi. Marekani filamu hii ilitoka kwa jina la The Head, na ndiyo nakala rahisi kuipata. Sauti humo ni za watu wengine, waliobandikwa studio, na anayemsemea Ood anamsemea kama mwendawazimu: anakaza, anavuta maneno. Mdomo wa Frank umetulia na sauti inachemka, na mtazamaji anacheka. Tafuta nakala ya Kijerumani yenye maandishi ya chini. Kama huna, bora uitizame ya Kijerumani bila ya tafsiri yoyote, ukiwa umeshaisoma hadithi, kuliko kuitizama ya Kiingereza.

Kwa filamu zake za Italia suala ni gumu zaidi. Waitaliano wa miaka ile hawakuwa wakiitumia sauti ya pale pale walipopigia picha. Mmarekani anasema Kiingereza, Mhispania Kihispania, Mjerumani Kijerumani, kila mtu na lugha yake, halafu toleo zima linatiwa sauti upya studio, hata toleo la Kitaliano lenyewe. Kwa hiyo hakuna toleo la asili kwa maana tunayoizoea. La kufanya ni kuchagua toleo la nchi ya mwigizaji unayemfuata. Kwa Frank, mara nyingi ni la Kijerumani, na utajua upesi kama ni yeye: sauti yake ni nzito, kavu, inashuka mwisho wa sentensi badala ya kupanda. Isikilize kwanza Hunde, wollt ihr ewig leben, ambayo ni ya Kijerumani tangu mwanzo, uizoee, kisha ndiyo uende kwenye nyengine.

Ila hata nakala ya Kijerumani ina mtego wake, nao ni mwendo. Filamu ya sinema hupigwa fremu 24, yaani picha moja moja 24, kwa sekunde. Televisheni na DVD za Ulaya hukimbia fremu 25. Badala ya kuongeza fremu, waliikimbiza filamu yote kwa asilimia 4 na kidogo. Filamu ya dakika 100 inakuwa ya dakika 96, na sauti inapanda karibu robo tatu ya nusu toni. Kwa mwigizaji mwengine hutoona tofauti. Kwa Frank, ambaye silaha yake ni uzito wa sauti na urefu wa kimya, utaona.

Kutambua ni rahisi. Linganisha muda wa nakala yako na muda wa filamu ilivyotoka sinema. Ikipungua dakika 3 au 4 katika kila 90, na hakuna tukio lililokatwa, imekimbizwa. Ikipungua dakika 8 au 10, hapo kuna mkasi pia, na kupunguza mwendo hakutokusaidia. Dawa yake katika VLC, programu ya kuchezea filamu kwenye kompyuta: weka mwendo 0.96. Lakini VLC ikipunguza mwendo huilinda sauti isishuke, kwa hiyo picha itarudi sawa na sauti itabaki juu. Ingia kwenye mipangilio ya sauti, ondoa alama kwenye kile kisanduku cha kunyoosha sauti (time-stretching audio), ufunge programu na uifungue tena. Sasa sauti itashuka pamoja na mwendo. Watu wengi wanaishia kwenye hatua ya kwanza na kudhani wameshatengeneza.

Maandishi ya chini nayo huharibika kwa sababu hiyohiyo. Ukichukua faili lililotengenezwa kwa nakala ya fremu 24 ukalitia kwenye nakala ya fremu 25, mwanzo yatakaa sawa, na baada ya saa moja yatakuwa nyuma kwa dakika 2 na sekunde 24. Usianze kubonyeza G na H, ambazo husogeza maandishi kwa milisekunde 50 kila mbonyezo, kabla hujapima. Chukua sentensi ya mwanzo ya filamu na sentensi ya mwisho. Pengo likiwa sawa sehemu zote mbili, basi ni kuchelewa tu, na G na H zitatosha. Pengo likikua, tatizo ni mwendo. Ukiwa umeshaurudisha mwendo wa filamu kwenye 0.96, faili litakaa karibu sawa bila ya kuguswa. Na kama herufi kama ü na ö zinatoka alama za ajabu, faili halikuhifadhiwa kwa UTF-8, mfumo wa kuhifadhia herufi. Lifungue kwenye programu ya kuandikia, lihifadhi upya kwa UTF-8, yatakwisha.

Wanaotaka kuandika tafsiri yao ya Kiswahili, jambo hili naliunga mkono kwa moyo wote, waangalie urefu. Maneno yetu ni marefu, kitenzi kimoja kinabeba sentensi. Herufi zisizidi 40 kwa mstari, mistari isizidi miwili, na isikae chini ya sekunde moja wala kupita sita. Tafsirini kutoka Kijerumani, msitafsiri kutoka toleo la Kiingereza, kwa sababu toleo la Kiingereza liliandikwa ili lifuate midomo na hubadilisha maana ovyo. Kuhusu filamu za kutafsiriwa kwa sauti, zile tulizozizoea kwenye vibanda vya video ambapo mtu mmoja anamsemea steringi, adui, mama na mtoto: zina raha yake kwenye filamu za ngumi, na mtafsiri hodari ni msanii kamili. Kwa Frank anayetafsiri ajizuie. Ashushe sauti ya filamu wakati anaposema yeye tu, airudishe mara moja akimaliza, na pale adui aliponyamaza naye anyamaze. Kimya cha Frank kikijazwa maneno, hakuna kilichobaki.

Katikati ya miaka ya 1960 watayarishaji walimpeleka Mashariki ya Mbali. Weiße Fracht für Hongkong na Die Diamantenhölle am Mekong ni za 1964, Das Geheimnis der drei Dschunken ni ya 1965, akiwa na Stewart Granger. Ni filamu za magendo, mashua, masanduku na makonde. Frank anafanya kinachotakiwa, na Hong Kong ya wakati ule inapendeza kuitizama. Mtu mwenye usiku mmoja tu azipite. Vilevile The Vengeance of Fu Manchu ya 1967, ambayo Christopher Lee ndiye anayeibeba. Kabla ya hizo, mwaka 1963, alicheza Die weiße Spinne ya Harald Reinl, iliyofuata mkumbo wa hadithi za upelelezi za Edgar Wallace zilizokuwa zimeishika Ujerumani, na mwaka huohuo akatokea kwenye vichekesho vya Kifaransa, Les Tontons flingueurs ya Georges Lautner, ambayo Wafaransa mpaka leo wanaikariri sentensi kwa sentensi. Humo yeye ni Théo, adui mpole, na anaonesha kwamba angeweza kuchekesha kama wangempa nafasi.

Kauboi ndiyo zinazostahili muda wako. Le pistole non discutono ya Mario Caiano, 1964, ilitengenezwa na Jolly Film sambamba na A Fistful of Dollars, na wenye kampuni waliitegemea hii kuliko ile ya Sergio Leone. Muziki ni wa Ennio Morricone. Frank ni Billy Clanton, ndugu mbaya kati ya ndugu wawili wanaoiba benki. Preparati la bara! ya Ferdinando Baldi, 1968, ina Terence Hill akiwa Django, shujaa maarufu wa kauboi za Kitaliano, na Frank ni David Barry, mwanasiasa aliyevaa vizuri ambaye amemuuza rafiki yake kwa ajili ya dhahabu. Ukiusikia muziki wake wa Gianfranco Reverberi utahisi unaujua: ulichukuliwa ukawekwa ndani ya wimbo Crazy wa Gnarls Barkley, 2006. Mwaka huohuo wa 1968 akacheza Quella sporca storia nel west ya Enzo G. Castellari, ambayo ni Hamlet ya Shakespeare iliyovalishwa kofia ya kauboi. Frank ni Claude, ami aliyemuoa mke wa marehemu kaka yake na kukalia shamba. Katika kauboi zake hii ndiyo naiweka juu, kwa sababu Castellari amempa adui heshima: Claude anakaa nyumbani mwake kama mwenye haki, na wewe unaanza kumuamini.

Kuzitafuta hizi, usitumie jina moja. Wauzaji wa Ujerumani waliona jina Django linauza, wakalibandika kila mahali: Preparati la bara! iliitwa Django und die Bande der Gehenkten, na ile ya Hamlet, ambayo haina Django hata mmoja, ikawa Django – Die Totengräber warten schon. Andika jina la asili, mwaka, na mwongozaji, vyote vitatu. Jina peke yake litakuletea filamu nyengine.

Sasa mbavu zilizokatwa. Filamu nyingi za Kitaliano za wakati huo zilipigwa kwa Techniscope, mtindo wa mwaka 1960 unaotumia matundu mawili ya mkanda kwa kila fremu badala ya manne. Mkanda unatumika nusu, na picha inatoka pana, 2.35 kwa 1. Le pistole non discutono ni ya namna hiyo, na vilevile Il gatto a nove code ya Dario Argento, 1971, ambamo Frank ni Daktari Braun. Nakala za televisheni ya zamani ziliikata picha mpaka 1.33 kwa 1, na hesabu yake ni kwamba asilimia 43 ya picha imetupwa. Waongozaji hawa hupenda kumweka mmoja ukingo wa kushoto na mwengine ukingo wa kulia. Ukikata, Frank anabaki bega na sauti. Ukiona watu wanaongea na hewa, au picha inateleza upande mmoja hadi mwengine bila ya sababu, iache nakala hiyo.

Ukizionesha ukutani, hesabu ni hii. Projekta ya kawaida yenye uwiano wa 1.5, yaani umbali wake hadi ukutani ni mara 1.5 ya upana wa picha, hutaka mita 3.75 ili kutoa picha ya upana wa mita 2.5, na hiyo inatosha ua wa nyumba. Filamu pana kwenye ukuta huo itakuwa na kimo cha mita 1.06 tu, kwa hiyo watu wakae karibu. Msianze kabla ya swala ya isha. Mwanga wa magharibi ukiwa bado upo, weusi wa Die Nackte und der Satan unakuwa kijivu na kazi yote ya Krause imepotea. Ukuta wa chokaa iliyopata manjano utandikwe shuka jeupe lililokazwa pembe nne. Spika ikae chini ya picha, sio ubavuni mwa projekta. Kwenye vichochoro vya Mji Mkongwe sauti nzito hujirudia baina ya kuta, na sauti ya Frank ndiyo inayoumia zaidi: punguza besi, khasa baina ya hezi 200 na 300, mpaka maneno yasikike. Projekta ya taa, isiyokuwa ya LED, umeme ukikatika ghafla feni husimama na joto hubaki ndani, na taa hufa kabla ya wakati. UPS, betri ya akiba, ya VA 1000 inaweza kuibeba projekta ya wati 300 na kompyuta kwa dakika chache, muda wa kuizima kwa utaratibu. Chujio la vumbi lisafishwe mara kwa mara. Vumbi na hewa ya chumvi huliziba upesi.

Maonesho ya hadhara Zanzibar yanataka ruhusa ya BASSFU, baraza la sanaa na sensa ya filamu, na filamu hizi bado zina wenyewe, kwa hiyo ulizeni COSOZA, ofisi ya hakimiliki, kabla ya kubandika tangazo. Die Nackte und der Satan ina dansi ya klabu, hivyo ni ya watu wazima.

Kwa watoto kuna Frank mwengine. Siku ya Krismasi ya 1979 televisheni ya ZDF ilianza kuonesha Timm Thaler, mfululizo wa vipindi 13 vya takriban dakika 25, kutoka kwenye kitabu cha James Krüss. Mtoto anauza kicheko chake kwa Baron de Lefouet, tajiri asiyejua kucheka, na badala yake anapata uwezo wa kushinda kila dau. Baron ni Frank, akiwa na miaka 50, na Wajerumani wengi waliokuwa watoto wakati huo wanamkumbuka kwa hilo kuliko kwa kauboi zake zote. Sauti ni yake mwenyewe, kimya ni chake mwenyewe. Vipindi viwili kwa usiku vinatosha. Na hii msiipunguze kwenda 0.96: ilitengenezwa kwa televisheni, fremu 25 kwa sekunde tangu mwanzo, na ukiipunguza ndipo utakapoiharibu.